Maswali na Majibu: Kesi ya Rushwa Mbele ya Hakimu

Barua nyingi safari hii zinauliza jambo moja: kwa nini watumishi wa umma wanaoshtakiwa kwa rushwa hutoka mahakamani wakitabasamu. Nimechagua chache, na ninazijibu kwa kufuata sheria za Tanzania.

Ofisa ardhi wetu amejenga ghorofa kwa mshahara mdogo, na mtaa mzima unajua anakula rushwa. TAKUKURU, taasisi ya kuzuia na kupambana na rushwa, wanangoja nini? (Morogoro)

Wanangoja shahidi. Mtaa mzima haupandi kizimbani. Anayepanda ni mtu mmoja aliyeona kwa macho yake au kusikia kwa masikio yake, tena aliye tayari kuhojiwa na wakili wa mshtakiwa. Hilo la ghorofa ni shauri jingine kabisa. Sheria ya Kuzuia na Kupambana na Rushwa ya mwaka 2007, katika kifungu cha 27, inahesabu kuwa ni kosa kwa mtumishi wa umma kumiliki mali isiyolingana na kipato chake iwapo hawezi kuieleza mahakama aliipataje. Huko hahitajiki mtu aliyetoa bahasha, bali hati ya kiwanja, stakabadhi za vifaa vya ujenzi na taarifa za benki. Ukienda kutoa taarifa, peleka namba ya kiwanja, hasira iache nyumbani.

Nilimpa ofisa mmoja shilingi 200,000 anipitishie kibali, hadi leo hajanipitishia. Nikimshtaki nitarudishiwa fedha yangu? (Mwanza)

Ndugu yangu, umeniandikia barua ya kukiri kosa. Kifungu cha 15 cha sheria hiyo hiyo kinamshika mtoaji sawasawa na mpokeaji. Hata ukigeuzwa kuwa shahidi, mahakama itakutazama kama mshirika wa kosa. Sheria ya Ushahidi hairuhusu hukumu kutenguliwa kwa sababu tu imesimama juu ya maneno ya mshirika, lakini hakimu mwangalifu hutafuta ushahidi mwingine wa kuyaunga mkono kabla ya kumfunga mtu. Nimekwisha kuchoka na barua za aina hii. Namba 113 ya TAKUKURU hupigwa pale unapoombwa, na si baada ya kutoa na kuona umetapeliwa.

Mtumishi akirudisha fedha aliyopokea, kesi inaisha? (Tanga)

Haiishi, kosa hukamilika pale anapoomba, hata kama hajashika senti.

Katika wilaya yetu ofisa alikutwa mfukoni na noti za mtego, zile ambazo wachunguzi huziandika namba kabla hajakabidhiwa, mahakama ikamwachia. Hakimu naye hakupewa chake? (Dodoma)

Tuhuma hiyo dhidi ya hakimu siibebi, kwa kuwa wanaoitoa ni nadra kuwa wameisoma hukumu. Fedha kukutwa mfukoni huthibitisha kwamba ilikuwa mfukoni. Upande wa mashtaka unabaki na kazi ya kuthibitisha, pasipo kuacha shaka ya maana, kwamba mshtakiwa alikuwa mtumishi wa ofisi ile, kwamba jambo lililoombwa lilihusu shughuli za mwajiri wake, na kwamba aliomba au alipokea ili alitende au asilitende. Yeye atasema ni deni alilolipwa, au mchango wa harusi.

Hapo ndipo maneno yenyewe yanapokuwa mali. Hakuna ofisa anayesema "naomba rushwa". Anasema "niangalie basi", au "faili lako zito, linahitaji watu wa kulibeba". Shahidi akifika mahakamani na kusema "aliniomba rushwa", amempa hakimu hitimisho na kumnyima ushahidi. Anapaswa kuyataja maneno jinsi yalivyotamkwa, mahali, saa, na waliokuwapo. Ombi hilo lazima liwe limetangulia mtego, kwa sababu mtego huwekwa ili kumnasa aliyekwisha kuomba.

Kisha kuna noti. Nilikaa benchi la nyuma katika kesi moja ya namna hiyo. Zilitolewa noti 10 za shilingi 10,000 kutoka kwenye bahasha ya kaki, na wakili wa utetezi akaomba namba zisomwe moja moja na kulinganishwa na orodha iliyoandikwa kabla ya mtego. Noti ya saba ilikuwa na 8 mahali ambapo orodha ilikuwa na 3. Mchunguzi akasema ni mwandiko tu, na huenda alisema kweli. Akaulizwa bahasha ilikaa wapi tangu Ijumaa ya mtego hadi Jumatatu ilipopokewa na mtunza vielelezo, yaani vitu vya ushahidi. Akajibu: kwenye droo yangu. Karatasi ya makabidhiano haikuwapo.

Mahakama ya Rufani ilikwisha kueleza katika rufaa ya Paulo Maduka na wenzake watatu, namba 110 ya mwaka 2007, kwamba safari ya kielelezo tangu kukamatwa hadi kufikishwa mahakamani inapaswa kuonekana kwa kumbukumbu zilizoandikwa kwa mfuatano. Fedha ni kitu cha kubadilishana mikono kwa wepesi kuliko vyote. Ofisi inayoshindwa kujaza fomu ya makabidhiano isimsingizie hakimu.

Mawaziri Mramba na Yona walifungwa kwa rushwa ya shilingi ngapi? (Dar es Salaam)

Nimeulizwa hili mara nyingi mno. Basil Mramba, aliyekuwa waziri wa fedha, na Daniel Yona, aliyekuwa waziri wa nishati na madini, hawakushtakiwa kwa kupokea rushwa. Mwaka 2015 mahakama ya Kisutu iliwatia hatiani kwa matumizi mabaya ya madaraka na kuisababishia serikali hasara ya shilingi bilioni 11.7, kutokana na msamaha wa kodi kwa kampuni ya ukaguzi wa dhahabu. Katika kosa la aina hiyo nyaraka za serikali zenyewe ndizo shahidi mkuu, nazo hazitishwi wala hazihami mji.

Nimemrekodi kwa simu akiniomba. Rekodi inakubalika? (Mbeya)

Inaweza kukubalika, kwa kuwa Sheria ya Miamala ya Kielektroniki ya mwaka 2015 inaruhusu ushahidi wa aina hiyo. Hata hivyo, utaulizwa ilirekodiwaje, ikahifadhiwaje, na nani mwingine aliishika. Kwa hiyo usiikate, usiitume kwenye makundi ya WhatsApp, wala usiuze simu hiyo hadi kesi iishe.