Kugeuza CD iwe "biti 24" hakuongezi kitu

SWALI: Fundi, nina CD ya The Beatles, Sgt. Pepper, toleo la 1987. Kijana mmoja mwenye studio anasema ataipitisha kwenye programu iwe biti 24, kilohezi 96, yaani vipimo vya sauti vilivyo juu kuliko vya CD, isikike kama lile toleo lililomiksiwa upya (sauti za vyombo na waimbaji zikapangwa upya) mwaka 2017. Nimpe kazi?

JIBU: Usimpe, ndugu yangu. Mafaili ya namna hii naletewa kila mara. Nikiyafungua kwenye spektogramu, picha inayoonyesha sauti nene chini na nyembamba juu, juu ya kilohezi 22 ni giza tupu, mstari umekatika kama kwa kisu. Hapo ndipo CD inapoishia. Programu imetanua faili tu. Sauti ni ileile.

Toleo la 2017 halikutoka kwenye CD. Mwaka 1967 pale Abbey Road mashine zilikuwa za traki nne, yaani njia nne tu za kurekodia sauti kando kando. Traki zikijaa, mafundi walizichanganya na kuzihamishia kwenye kanda nyingine ili wapate nafasi, na kila uhamisho uliongeza mvumo na kufifisha ngoma. Giles Martin, mtayarishaji wa toleo la 2017, na wenzake walirudi kwenye kanda za mwanzo kabisa, kabla ya uhamisho huo, wakazipanga upya na kumiksi. Ndiyo maana ngoma za Ringo, mpiga ngoma wa The Beatles, ziko karibu hivyo, hata ukisikiliza CD ya kawaida ya toleo hilo. Kilichobadilika ni chanzo!

Kijana huyo atakutajia akili mnemba. Kweli, kwenye Revolver ya 2022, albamu nyingine ya The Beatles, vyombo vilitenganishwa kwa teknolojia hiyo, lakini walianzia kwenye kanda za studio. Ukitenganisha kutoka CD, matoazi hutoka yakigugumia kama yamo majini.

Hila nyingine: wanapandisha sauti desibeli 3, mteja anadhani imekuwa safi. Sawazisha sauti kwanza, ndipo ulinganishe.

Kinachoniuma zaidi ni kanda zetu wenyewe. Mtu aliniletea faili la bendi ya marehemu baba yake, "hai-rezi" (ubora wa juu) kwa jina, limenakiliwa na mashine yenye kichwa kichafu, kile kinachosoma kanda, sauti nyembamba zote zimepotea. Nikamwomba riili yenyewe, ile kanda ya asili. Ilishatupwa, maana aliambiwa haihitajiki tena.

Msitupe kanda. Na ikianza kunata kwenye mashine, zima palepale. Nyingi za miaka ya 70 na 80 gundi yake imevuta unyevu. Huokolewa kwa kupashwa joto la nyuzi 50 na kitu, kwa saa nyingi, kwenye kifaa kinachoshikilia joto hilo bila kuyumba. Oveni ya jikoni itaiua.