Korti imeamini mwenzangu, naweza kwenda juu?

SWALI: Wakili, habari ya kazi. Nina hardware hapa Nakuru, mwaka jana niliandikiana na jamaa wa mbao aniletee vipande 600 vya cypress, na kwa agrimenti tukaweka kwamba salio nitalipa mzigo wote ukishafika. Akaleta nusu nusu halafu akapotea. Akanipeleka Small Claims Court, korti ya madai madogo, adjudiketa (yule anayeamua kesi hapo) akamwamini yeye, akasema mzigo wote ulifika, na hata kama haungefika bado ningelipa, ati nitoe 412,000. Sasa stokipa wangu aliyeacha kazi zamani amenirudishia kitabu cha delivari chenye saini za dereva wake, jumla vipande 380 tu. Hukumu ina kama wiki mbili. Nataka rufaa, na nikishindwa niende hadi Court of Appeal. Nianzie wapi?

JIBU: Ndugu, hiyo Court of Appeal itoe kwa akili kabisa. Sheria ya Small Claims Court ya 2016, kifungu cha 38, inasema rufaa inaenda High Court, kwa mambo ya sheria peke yake, na jaji akishaamua hapo ndio mwisho. Bunge lilitaka kesi za chini ya milioni moja ziishe haraka, zisikae korti miaka kumi kama tulivyozoea, na bei yake ndio hiyo wewe unalipa sasa.

Sasa angalia hukumu yako vizuri maana ina sehemu mbili. Kwamba mbao zote zilifika, hilo ni jambo la ushahidi, na jaji hatakaa chini kupima tena nani alikuwa mkweli kati yako na dereva, labda uonyeshe adjudiketa aliamua bila ushahidi wowote. Kwamba ungelipa hata mzigo usipofika wote, hiyo ni tafsiri ya agrimenti na hapo kweli kuna pointi ya sheria, nzuri tu, lakini hata ukiishinda haikusaidii kama ile ya kwanza imebaki imesimama! Watu wengi wanachoma pesa ya loya hapo.

Kwa hivyo mimi ningeanza na review. Kifungu cha 41 kinakuruhusu urudi kwa korti ileile ndani ya siku 30 kama kuna mambo mapya ambayo hayakuwa mbele yake, na hicho kitabu ndicho dawa yako. Utaulizwa tu mbona hukukileta mapema, so mwambie stokipa aape affidavit, yaani kiapo cha maandishi, aseme kilikuwa wapi, alikipata lini, na nani alisaini kila ukurasa, tarehe zionekane, usipeleke picha moja ya simu iliyokatwa pembeni. Wiki mbili zimeenda tayari. Na rufaa pia ina siku 30, kwa hivyo ongea na wakili wiki hii achague njia, maana kukimbiza zote mbili pamoja korti huwa haipendi.

Kitu kingine ambacho hukuuliza, hukumu yako ilitoka siku ngapi baada ya kesi kufunguliwa? Sheria inataka 60, na kuna majaji wamefuta hukumu zilizopita hapo, wengine wamekataa, kwa hivyo ipo lakini usiitegemee.

Halafu jua kufungua karatasi hakumzuii dalali wa korti kuja kubeba stoki yako. Omba stay mapema, yaani amri ya kusimamisha hukumu isitekelezwe kwanza, ueleze hasara utakayopata, na uwe tayari kuweka dhamana, mara nyingi korti inataka pesa yote au nusu iwekwe kwa akaunti ya pamoja ya mawakili. Kama huna hiyo pesa kwa sasa, lipa angalau ile ya mbao 380 ambayo hata wewe unakubali ulizipokea, itakupunguzia deni na jaji ataona huchezi.