Jibu: Mwanangu anaigiza, sasa anataka uprodyuza

Dada, umeuliza kama yupo mtoto mwigizaji aliyeishia kuwa prodyuza wa muziki, maana kijana wako hapo Kirumba habanduki kwenye kompyuta. Yupo: Phil Collins wa Uingereza. Utotoni, miaka ya 1960, aliigiza Oliver!, igizo la nyimbo, jukwaani London. Baadaye akawa mpiga ngoma wa bendi ya Genesis, na albamu ya 1982 ya Frida, mwimbaji wa kundi la ABBA, aliitayarisha yeye.

Maigizo hayampotezei muda. Mimi nina kistudio Igoma. Vijana wa kugonga biti wamejaa, lakini wa kumwelekeza mwimbaji arudie mstari mara ya sita bila kununa? Wachache mno. Stadi hiyo mtoto huipata kwenye mazoezi ya jukwaani.

Ila anza na hedifoni, spika baadaye. Majirani nao watu.