Kuandika upya miongozo ya shule ya msingi: visawe vina mipaka yake

Kwa muda mrefu nimekuwa nikiwahariria walimu wa twisheni wa hapa Dar es Salaam miongozo ya kujisomea ya darasa la nne na la saba kabla haijapelekwa steshenari kudurufiwa, na miswada mingi huwa imepitia njia ileile: mwandaaji huchukua maelezo ya mtu mwingine, kisha hubadilisha neno moja baada ya jingine kwa kisawe chake, au huiachia programu ya kompyuta kazi hiyo. Ushauri wangu ni kwamba istilahi za somo ziachwe zilivyo, na kinachoandikwa upya kiwe ni sentensi inayozibeba.

Hisabati ndiyo huumia zaidi. Swali la "Tafuta eneo la mstatili wenye urefu wa sentimita 8 na upana wa sentimita 5" liliwahi kunifikia likiwa "Tafuta sehemu ya mstatili". Katika mazungumzo ya kawaida maneno hayo mawili hupokezana bila madhara, lakini mwanafunzi aliyefundishwa kwamba sehemu ni 1/2 au 3/4 ataanza kusaka kiasi na asili, yaani namba ya juu na ya chini ya sehemu, badala ya kuzidisha na kupata sentimita za mraba 40. Vivyo hivyo, "tofauti kati ya 45 na 18" haiwezi kugeuzwa kuwa "hitilafu", kwa maana hapo hakuna kilichoharibika. Hata vitenzi vya maswali havistahili kuchezewa: "taja" na "eleza" humdai mtoto majibu ya aina mbili.

Tena kuna ngeli, ambazo programu hizo aghalabu huzisahau. "Shida hii imewakumba wakulima" hugeuka "tatizo hii imewakumba wakulima", na mtoto anayejifunza sarufi huisoma akidhani ndiyo sahihi.

Mimi husoma aya nzima, nikafunga kitabu, nikajiuliza mtoto anatakiwa kuelewa nini, ndipo nikaandika. Fasili kavu kwamba uvukizi ni badiliko la kimiminika kuwa mvuke nimewahi kuiandika hivi: "Kanga iliyoanikwa uani hukauka kwa sababu maji yaliyomo hugeuka mvuke na kuingia hewani. Badiliko hilo huitwa uvukizi." Istilahi imebaki, ila sasa ina mahali pa kushika. Baada ya hapo hulinganisha nilichoandika na kitabu cha kiada cha Taasisi ya Elimu Tanzania, nisije nikapotosha maana.

Wapo wanaodhani kwamba visawe vinatosha kuifanya kazi ya mwingine kuwa yao. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 ipo, na anayetaka kuuza mwongozo uliojengwa juu ya kurasa za mwenzake aombe kwanza ruhusa kwa maandishi.

Kabla ya kudurufu nakala, mpe mtoto wa darasa husika ukurasa mmoja ausome kwa sauti, kisha akueleze alichokielewa. Anapokwama, weka alama hapo na uiandike sentensi hiyo tena.