Kwa nini nimekubali kurekodiwa

Mwanangu mpenzi,

Umeniuliza kwa nini nimekubali kurekodiwa filamu kuhusu maisha yangu na skizofrenia, huu ugonjwa wangu wa akili, tena wakati huu ambao wazee wa mchumba wako wanajiandaa kuleta posa. Una haki ya kuuliza. Sikujibu kwa simu kwa sababu tungeishia kulia.

Nimekubali kwa kuwa ugonjwa wangu umesimuliwa na wengine miaka yote. Majirani walisema nimerogwa, mchungaji akasema ni pepo. Jina lenyewe la ugonjwa nililisikia Mirembe, hospitali ya wagonjwa wa akili Dodoma, na hata siku hiyo aliyeelezwa ni baba yako, mimi nimekaa pembeni. Sauti ninazozisikia zinasema nini, hakuna aliyeniuliza.

Basi nakwambia wewe kabla ya kamera. Ni wanaume wawili, wananijadili kana kwamba sipo. "Sasa anachota maji. Anajifanya mzima." Nazisikia kwa masikio haya haya. Sindano ya kila mwezi imezipunguza, siku nyingi hazipo kabisa. Lakini ndiyo hiyo inayonikaza shingo na kunitetemesha mikono; wewe ulidhani ni uzee. Nataka na hilo lionekane, maana wengi wanaoacha dawa wanashindwa na maudhi yake, halafu wanaitwa wakaidi.

Binti anayenirekodi alinionyesha filamu ya John Cadigan, msanii wa Marekani aliyeanza kuugua akiwa chuoni. Alishika kamera mwenyewe, dada yake Katie akimsaidia, nayo ikatoka mwaka 2003. Alijirekodi hata alipokuwa akiwashuku watu wake wa karibu. Mimi sifiki huko. Masharti yangu yameandikwa, shangazi yako ni shahidi: nikianza kukosa usingizi, kamera izimwe, ridhaa yangu ihesabike nikiwa mzima tu, na naweza kuiondoa, niitazame filamu yote kabla haijaonyeshwa. Sura yako na jina lako havimo, labda utake mwenyewe.

Wakwe waambie mapema, wasije wakakutana nayo kwenye skrini. Watauliza kama ugonjwa huu unarithiwa. Usiwafiche: mtoto wa mzazi mmoja mwenye skizofrenia ana uwezekano wa takribani 10 kwa 100, wakati kwa watu wote ni karibu 1 kwa 100. Maana yake wengi wa watoto wetu hawaupati kabisa. Mchumba wako akitaka kulisikia hilo kwangu, aje naye Jumamosi, nitazungumza naye bila kuficha kitu.

Ukiona filamu itavuruga harusi, niambie, nitaomba isionyeshwe mpaka ipite. Binti huyo ni mwelewa, atasubiri. Ila kurekodi nisingependa kuahirishwe. Sasa hivi akili yangu imetulia na maneno yanakuja. Imewahi kupita miaka hayaji.

Nakupenda sana.

Mama yako