Vitabu vya Dan Shaughnessy kuhusu Red Sox na Celtics: usianze na kile maarufu

Mkuu umesema umehamia Worcester, kazini kila mtu ni Red Sox ya besiboli na Celtics ya mpira wa kikapu, timu za Boston, umeambiwa usome vitabu vya mwandishi wa michezo Dan Shaughnessy ukakuta viko kibao hujui ushike kipi, na mdau mmoja hapo juu kakujibu anza na The Curse of the Bambino kwa sababu ndicho kinachojulikana. Mimi naomba nipingane naye. Usianze na hicho. Anza na kile cha kina Larry Bird, nyota wa Celtics wa miaka ya 80, Wish It Lasted Forever, kilitoka 2021, halafu rudi nyuma taratibu. Nasema hivi kwa sababu hivi vitabu nimevisoma na vingine nimevirudia, nipo Lowell, napiga shifti za usiku kwenye nyumba ya wazee, na wazee wakishalala ukamaliza kuzunguka vyumba muda wa kusoma unakuwepo wa kutosha tu.

Mwandishi mwenyewe ni mtoto wa Groton, kamji kadogo hapa jirani na Lowell, na chuo kasoma Holy Cross hapohapo kwako Worcester, kamaliza 1975. Akaenda Baltimore kuandika habari za Orioles, timu ya besiboli ya huko, 1981 akarudi nyumbani kwenye gazeti la Boston Globe. Kazini utasikia wengi wanamlaumu, eti ana kalamu kali, anachokonoa, timu hata ikishinda yeye anatafuta kasoro. Mimi namheshimu sana kwa hilohilo, kuandika timu ya kwenu bila kuipamba si kazi ndogo, maana kesho yake unakutana na mashabiki dukani na wachezaji chumba cha kubadilishia nguo. Na waandishi wenzake wa besiboli 2016 walimpa tuzo yao kubwa kuliko zote.

Sasa kwa nini cha Bird kwanza. Mimi kitabu cha michezo nakipima kwa kitu kimoja, mwandishi alikuwepo au hakuwepo? Kwenye hiki alikuwepo. Kuanzia 1982 mpaka 1986 ndiye aliyekuwa anaifuata Celtics kwa ajili ya Globe, na zama zile timu za NBA zilikuwa hazina ndege zao, Larry Bird na Kevin McHale na Robert Parish wanapanda ndege ya abiria alfajiri kama mtu mwingine yeyote, miguu imekunjwa, na mwandishi wa gazeti yupo viti viwili nyuma, hoteli moja, basi moja, mazoezini anaingia tu hakuna wa kumzuia. Kwa hiyo anachokupa si takwimu, takwimu utazipata popote, anakupa namna walivyokuwa wanataniana na kusemana. Kuna sehemu anashindana na Bird kutupa mitupo huru, kwa hela, na Bird ana bandeji kwenye mkono anaotupia, na bado mwandishi hela zake zinakwenda. Ukisoma pale ndio unajua Bird alikuwa mtu wa aina gani, alikuwa hataki kushindwa na mtu yeyote, hata mwandishi wa gazeti, hata mazoezini.

Na miaka yenyewe ilikuwa miaka kweli. Ubingwa wa 1984 wanawafunga Lakers ya Magic Johnson mechi ya 7, 1985 Lakers wanalipiza, 1986 wanabeba tena kwa kuwafunga Houston, ambao walikuwa na yule kijana wa Lagos, Hakeem Olajuwon. Timu ile ya 1986 ilishinda mechi 67 ikapoteza 15, nyumbani ilipoteza 1 tu msimu wa kawaida, moja! Na Bill Walton, mtu aliyewahi kuwa mchezaji bora wa ligi nzima, anakubali kuanzia benchi na ana furaha. Halafu Juni hiyohiyo wanamchagua Len Bias kwenye drafti, yaani zoezi la timu kuchagua vijana wapya, na siku mbili baadaye kijana anafariki kwa kokeini. Watu wa huku wa umri fulani ukiwatajia jina la Bias wananyamaza kidogo kwanza.

Baada ya hapo nenda Francona: The Red Sox Years, 2013, kaandika pamoja na Terry Francona mwenyewe, kocha aliyebeba 2004 na 2007. Utamu uko mwishoni, Septemba 2011, timu inashinda mechi 7 inapoteza 20 na kukosa mtoano wakati mwanzoni mwa mwezi ilikuwa mbele kwa mbali. Utajifunza pia wenye timu wanavyofikiri, wanaangalia watazamaji wa televisheni huku kocha anaangalia bega la mrushaji. Nisiende mbali, kisome.

Ndio tunakuja kwenye hicho maarufu. The Curse of the Bambino, yaani laana ya Bambino, jina la utani la nyota Babe Ruth, ni ya 1990, na hadithi yake kwa ufupi ni kwamba mwishoni mwa 1919 mwenye timu Harry Frazee alimuuza Babe Ruth kwa Yankees ya New York kwa dola 100,000 na juu yake mkopo wa dola 300,000 ambao dhamana yake ilikuwa uwanja wenyewe wa Fenway. Yankees wakati huo walikuwa hawajawahi kubeba ubingwa hata mmoja, Red Sox walikuwa nao mitano. Wewe mwenyewe piga picha Simba wamuuze mchezaji wao bora kuliko wote kwa Yanga, halafu Yanga waanze kubeba kila kitu na Simba wakae miaka 86 mikavu. Ndivyo ilivyokuwa, kutoka 1918 mpaka 2004. Na kila walipofika fainali walipoteza mechi ya 7, 1946, 1967, 1975, 1986. Kwa utunzi kitabu ni kizuri mno, kila msiba una sura yake na unausoma huku moyo unadunda ingawa matokeo unayajua.

Hapo kwenye 1986 nikuambie kitu. Kulikuwa na mzee mmoja kazini, usingizi ulikuwa unamruka, ananiona na kitabu akaniuliza umefika wapi, nikamwambia mpira wa Buckner. Akavuta trei yake ya chakula, akaweka kikombe, kijiko, kopo la mtindi na chumvi kwenye pembe nne, kila kimoja kituo, akaanza kunionyesha. Fainali na Mets ya New York, mechi ya 6, awamu ya 10, Boston wanaongoza 5 kwa 3, wamebakiza kumtoa mtu mmoja tu wawe mabingwa. Mets wanapiga moja, wanapiga ya pili, wanapiga ya tatu, inakuwa 5 kwa 4. Mrushaji Bob Stanley anarusha mpira unampita mdakaji, mtu anaingia nyumbani, 5 kwa 5. Ndio Mookie Wilson anapiga kale kampira kanakotambaa chini kanaelekea kwa Bill Buckner kituo cha kwanza, kanapita katikati ya miguu yake, mwisho wa mechi. Mzee akagonga trei akasema ilikuwa SARE tayari, unasikia, sare! Na mechi ya 7 ilikuwa bado ipo, Buckner hakuipoteza peke yake, na miguu yake ilikuwa mibovu kocha analijua hilo, siku nyingine alikuwa anamtoa dakika za mwisho anamwingiza Dave Stapleton, siku ile akamwacha. Alikuwa anamtetea Buckner kama ndugu yake wa damu. Na mimi tangu siku ile mtu akimsema Buckner mbele yangu namweleza hivyohivyo.

Ndio maana nasema usianze na hicho. Kitabu chenyewe kinaeleza matukio vizuri ila watu walichoondoka nacho ni laana, na laana ni jibu rahisi mno. Shaughnessy hakuwepo 1919. Na kuna sababu nyingine ambayo haina uchawi wowote. Aprili 1945 Jackie Robinson aliletwa Fenway kufanyiwa majaribio pamoja na weusi wenzake wawili, wakafanya mazoezi, wakaenda zao, hawakuitwa tena. Miaka miwili baadaye Robinson yuko Dodgers, mweusi wa kwanza kwenye ligi kuu ya zama hizi. Willie Mays naye, mmoja wa wachezaji bora kuliko wote wa besiboli, Red Sox walipata nafasi ya kumsajili wakamwacha, WILLIE MAYS. Mchezaji mweusi wa kwanza wa Red Sox ni Pumpsie Green, 1959, timu ya mwisho kabisa kwenye ligi kuu, miaka 12 baada ya Robinson. Sasa timu inayokataa vipaji vya watu weusi wote kwa hiari yake ikikosa ubingwa unahitaji mzimu wa Babe Ruth wa nini?

Kwa hiyo The Curse isome, lakini isome sambamba na Shut Out ya Howard Bryant, 2002, naye ni mwandishi wa michezo, mweusi, mtoto wa Boston hapahapa Dorchester. Timu ileile, mji uleule, ila unaona vitu ambavyo mtoto wa Groton hakuvikuta njiani. Sisi tunaoishi huku na ngozi hii tunakihitaji zaidi. Bryant anaeleza kwa nini watu weusi wengi wa Boston walikuwa hawakanyagi Fenway, na ukishasoma utaelewa kwa nini 2018 ile barabara ya pembeni ya uwanja iliyokuwa na jina la Tom Yawkey, mwenye timu wa miaka hiyo ya kukataa weusi, ilirudishiwa jina lake la Jersey Street.

Na hapa ndipo Celtics wanashangaza maana ni mji huohuo. 1950 wanamchagua Chuck Cooper, mweusi wa kwanza kuchaguliwa kwenye drafti ya NBA. Desemba 1964 wanaanza na watano wote weusi, jambo ambalo lilikuwa halijawahi kutokea kwenye ligi. 1966 mchezaji wao Bill Russell anapewa ukocha, mweusi wa kwanza kwenye NBA. Kama mchezaji alibeba vikombe 11 ndani ya misimu 13! Na pamoja na hayo yote viti vilikuwa vinabaki vitupu uwanjani, na nyumba ya Russell kule Reading watu waliivunja wakaichafua kwa kinyesi. Mtu aliyewaletea vikombe vyote vile. Mimi hilo jambo linaniuma mpaka leo kila nikipita Reading kwenye I-93. Shaughnessy ana vitabu viwili vinavyogusa Celtics ya zamani, Ever Green na Seeing Red, cha pili ni cha Red Auerbach, kocha wa zamani wa Celtics, yule wa sigara kubwa, ila hivyo viache mpaka uwe umeshanogewa.

2004 yenyewe aliiandika kwenye Reversing the Curse, wapo chini kwa mechi 3 kwa 0 mbele ya Yankees, mechi ya tatu wamepigwa 19 kwa 8, halafu wanashinda 4 mfululizo, jambo ambalo hakuna timu iliyowahi kulifanya kwenye besiboli. Nzuri, ila kama umeona video zenyewe utaisoma haraka.

Kama una mtoto anacheza shuleni basi tafuta Senior Year, 2007, ni ya mwaka wa mwisho wa mwanawe sekondari pale Newton, ni besiboli ya shule tu, baba anakaa jukwaani kwenye baridi ya Aprili anamwangalia kijana akikosa mpira. Mimi nadhani ndicho alichokiandika kwa upendo kuliko vyote.

Kuhusu Kiingereza chake usiogope, ni cha gazeti, sentensi fupi, akitaja nyimbo na vipindi vya TV vya miaka ya 70 ruka tu hukosi kitu. Na usinunue vipya, ukiwa mkazi wa Massachusetts kadi ya Boston Public Library ni bure hata kama unakaa Worcester, unaazima kwa simu. Shut Out ukiikosa kwenye simu waambie maktaba ya hapo mjini kwenu wakuagizie kutoka mji mwingine.