Ionyeshe Kazi, Usilionyeshe Kovu

Nilivamiwa na watu wenye mapanga nilipokuwa nikifunga duka la M-Pesa nililoajiriwa mjini Malindi, na nilipotangaza kwamba ningetengeneza filamu ya hali halisi kuhusu usalama wetu kazini, wengi walidhani itaanza na kovu la begani. Sikulionyesha. Mwajiri akiona kovu hutoa pole na kwenda zake. Akionyeshwa taa iliyoungua isibadilishwe, na msichana anayetembea peke yake usiku akiwa na mauzo ya siku nzima mkobani, pole peke yake haimtoshelezi.

Kabla ya kamera, shughulikia karatasi. Nenda hospitalini, upige ripoti polisi, uchukue nambari ya OB (kitabu cha matukio cha polisi), na uhakikishe daktari amejaza fomu ya P3, ile ya polisi inayoeleza majeraha yako. Mwarifu mwajiri kwa maandishi kwamba umeumia kazini, kwa kuwa Sheria ya Kenya ya Fidia ya Majeraha ya Kazini ya mwaka 2007 inampa siku 7 kuiripoti ajali kwa Mkurugenzi wa Usalama na Afya Kazini, nawe una miezi 12 ya kudai. Kesi ikiwa bado mahakamani, zungumza na kiongozi wa mashtaka kabla ya kusimulia lolote mbele ya kamera, kwa maana wakili wa utetezi atalinganisha filamu na ushahidi wako neno kwa neno.

Sheria ya Usalama na Afya Kazini, nayo ya 2007, inataka kamati ya usalama mahali penye wafanyakazi 20 au zaidi. Maduka yetu yana wawili, pengine mmoja, kwa hiyo filamu ilitufanyia kazi ya kikao ambacho hatukuwa nacho. Ndiyo sababu nashauri waajiri waitazame kwanza faraghani: mtu akiaibishwa mbele ya majirani hujitetea, lakini akiitwa kando huuliza gharama, na hapo uwe na bei ya taa, ya kitasa na ya bodaboda wa kumpeleka mfanyakazi nyumbani.

Usiigize uvamizi. Maigizo hayo hukurudishia usiku ule mwilini, na humfundisha mwizi saa ya kufunga na mahali fedha zinapowekwa. Mambo hayo mawili yasionekane hata kwa bahati mbaya. Wenzako watoe idhini ya maandishi, wakijua kwamba Sheria ya Ulinzi wa Data ya 2019 inawaruhusu kuiondoa. Anayeogopa kufutwa kazi abadilishiwe hata sauti, maana Malindi mtu hutambulika kwa sauti kabla hajageuka. Kuhusu leseni ya kurekodi na uainishaji wa filamu, ulizia mapema.

Baada ya kuitazama, baadhi ya waajiri walikubali tufunge kabla ya isha. Mmoja alikataa, akisema wateja wake huja wakitoka kula chajio hotelini. Naye tunajadiliana kuhusu kuajiri mlinzi.